Siku tano Budapest nikimfuata Karády

Jumatatu, 28 Oktoba 2024

Hita ya chumba nilichopanga haifanyi kazi. Mwenye nyumba anasema fundi atakuja kesho, na mimi nimekaa nchi za baridi muda wa kutosha kuijua kesho ya namna hiyo. Naandika nimejifunga kanga juu ya koti.

Nimetoka Vienna asubuhi kwa treni, mwendo usiofika saa tatu hadi stesheni ya Keleti. Hapo mpakani Hegyeshalom sikuona kizuizi wala askari. Simu tu ndiyo iliyolia kunikaribisha kwenye mtandao wa nchi nyingine. Mwanamke ninayemfuata aliuvuka mpaka wa nchi hizi mbili mwaka 1951, kinyume na mimi, akitoka Hungaria kuingia Austria, na yeye alivuka kwa siri. Hakurudi tena akiwa hai.

Nieleze kwanza ilikuwaje mtu wa Tanga kumjua mwigizaji wa Budapest aliyefariki mwaka 1990. Mwaka wa kumi na moja huu nauguza wazee Vienna. Katika nyumba yetu ya wazee alikuwapo bibi mmoja Mhungaria, aliyekimbia kwao mwaka 1956 akiwa msichana, baada ya vifaru vya Kisovieti kuzima mapinduzi. Walikimbia watu kama laki mbili msimu ule, wengi wao kupitia Austria. Bibi alikuwa mkali kwa kila muuguzi, mpaka siku nilipomweleza kwamba kwetu mdogo humwamkia mkubwa "shikamoo", maana yake asili nashika miguu yako. Alicheka hadi akakohoa. Akaniambia kwao mtoto humwamkia mkubwa "csókolom", kifupi cha "nabusu mkono wako". Tangu hapo kila asubuhi mimi nikimwambia csókolom, yeye ananijibu marahaba.

Na kila nikimwogesha alikuwa akiimba. Sauti ya chini, nzito, maneno anayavuta kama mtu asiyetaka yaishe. Nikamuuliza ni nyimbo za nani. "Karády," akasema, kana kwamba nimeuliza jua ni nini. Siku nyingine akaongeza: "Hakuwa mwigizaji mzuri. Lakini akishaingia kwenye picha, humtazami mwingine."

Bibi alifariki mwezi wa tano. Nilikuwa na siku tano za likizo zinakaribia kupotea, nikakata tiketi.

Jina kwanza. Wahungaria hutanguliza la ukoo: Karády Katalin. Hata hilo hakuzaliwa nalo. Alizaliwa Kanczler Katalin, tarehe 8 Desemba 1910, na jina la Karády lilikuja baadaye, kazi ya mwandishi wa habari Zoltán Egyed aliyemchukua na kumtengeneza awe nyota. Kwa hiyo namtafuta mtu ambaye hata jina lake ni vazi la jukwaani.

Saa za Ulaya zimerudishwa nyuma juzi usiku, basi saa kumi na nusu jioni jua linazama. Nimekula lángos barabarani: unga uliokandwa ukachachuka, ukabanwa bapa, ukakaangwa kwenye mafuta mengi, halafu ukapakwa kitunguu saumu na maziwa mgando. Mtu wa pwani ataliita andazi lililokosa sukari likalewa. Mikono bado inanukia saumu.

Jumanne, 29 Oktoba

Fundi wa hita hakuja.

Nilipanda tramu namba 28 kwenda Kőbánya, mtaa aliozaliwa Karády. Jina lenyewe ni "machimbo ya mawe". Mawe ya chokaa yaliyojenga sehemu kubwa ya Budapest yalitoka chini ya mtaa huu, na mashimo yaliyobaki, zaidi ya kilomita 30 za mapango na vijia, yakageuzwa maghala ya viwanda vya bia kwa sababu kule chini baridi haibadiliki mwaka mzima. Jiji zuri likajengwa upande mwingine, huku wakabaki na shimo na harufu ya kimea.

Kuna kanisa moja la Mtakatifu László, kazi ya msanifu Ödön Lechner, paa lake la vigae vya rangi linang'aa kama kanga mpya ya doti. Kanisa lilikuwa jipya wakati Katalin anazaliwa. Zaidi ya hapo mtaa ni maghorofa ya zege, maduka ya simu, vibanda vya kebabu. Nilizunguka kwa saa mbili nikijiuliza natafuta nini hasa. Nyumba za mafukara haziwekewi vibao.

Baba yake alikuwa fundi viatu, na mkono wake kwa watoto ulikuwa mzito. Baada ya Vita vya Kwanza Hungaria ilipoteza karibu theluthi mbili za ardhi yake, njaa ikaingia mijini, na mashirika ya hisani yakaanza kuwapakia watoto dhaifu kwenye treni na kuwapeleka kwa familia za Uswisi na Uholanzi wakanenepe kidogo. Katalin alikuwa mmoja wao. Alikaa ughaibuni miaka kadhaa, akarudi Kőbánya akiwa binti anayezungumza lugha za watu na asiyetosha tena kwenye nyumba ya baba yake. Hili nalielewa bila kuelezwa. Mara ya mwisho nilipokwenda Tanga nilijikuta nagonga mlango wa jikoni kwa mama yangu kabla ya kuingia. Wote walinitazama.

Aliolewa mapema na ndoa haikudumu. Akajifunza kuigiza akiwa mtu mzima, jambo ambalo walimu wa sanaa wa Budapest hawakumsamehe kamwe.

Mchana nikarudi katikati ya jiji kuiona sinema ya Uránia. Jengo lina matao na nakshi za Kiarabu kiasi kwamba kwa nusu dakika nilijihisi niko baraza ya Mji Mkongwe, mpaka basi likanirushia maji ya mvua. Juu ya paa la jengo hili, mwaka 1901, ndipo ilipopigwa filamu ya kwanza ya Kihungaria. Nilinunua kahawa humo ndani nikakaa hadi miguu ikakauka.

Usiku nilijifunika blanketi mbili nikawasha kompyuta kuitazama *Halálos tavasz*, yaani majira ya kuchipua yauayo. Ilitoka Desemba 1939, mwongozaji László Kalmár, kutokana na riwaya ya Lajos Zilahy. Haikuwa na tafsiri chini, na Kihungaria changu ni cha kuogeshea wazee: inua mkono, geuka, maji yana moto? Hata hivyo nilifuata. Iván, anayeigizwa na Pál Jávor, mwenye masharubu membamba ambayo wanaume wa nchi nzima waliyaiga, anampenda Edit. Edit ndiye Karády. Mapenzi hayaendi. Iván anapata mchumba mwema, Józsa, anayeigizwa na Éva Szörényi, msichana ambaye kila mama angependa awe mkwewe. Lakini Edit hamtoki, na mwisho Iván anajiua.

Hadithi ya kawaida, hata mimi ningeweza kuitunga. Kisicho cha kawaida ni namna Karády anavyosimama. Wenzake wote wanaigiza kama watu wa jukwaani: mikono inapaa, macho yanazunguka, maneno yanatoka haraka. Yeye hatikisiki. Nywele zimegawanywa upande mmoja zikaachwa zianguke begani, kope nusu zimefungwa, na akisema neno analisema polepole, kwa sauti iliyo chini kuliko unavyotarajia kutoka kwa mwili mwembamba kama ule. Jávor anazunguka chumba kizima, na macho yangu yamebaki kwake aliyekaa tu. Bibi alisema kweli.

Kisha anaimba. Sauti si tamu. Ina mkwaruzo, na kuna mahali anaongea zaidi kuliko kuimba. Nilimkumbuka Bi Kidude, ingawa sijui kama yeyote kati yao angependa kulinganishwa. Ni kule kukataa kuimba kama ndege. Na kuna jambo jingine linaloniunganisha na nyimbo hizi. Kihungaria, kama Kiswahili, hakina "yeye" wa kiume na "yeye" wa kike. Wanasema "ő", basi. Wimbo wa mapenzi unapita mwanzo hadi mwisho bila kusema anayelilia ni nani na anayeliliwa ni nani, na kila msikilizaji anajijazia wake. Wajerumani ninaofanya nao kazi hawawezi kuona raha ya jambo hili. Mpenzi wa taarabu haelezwi mara mbili.

Kanisa lililaani filamu, wazazi wakawakataza mabinti, na mabinti wakaenda saluni kukata nywele za Karády. Katika miaka kumi alicheza filamu kama 20, nyingi kati yake zikibanwa kati ya 1939 na 1944. Na hapa pana jambo ambalo mashabiki wake hulipita haraka. Miaka ile Hungaria ilikuwa ikitoa filamu zaidi ya 40 kwa mwaka, kwa sababu vita vilizuia picha za nje kuingia, na wakati huo huo sheria dhidi ya Wayahudi zilikuwa zimewatoa kazini waigizaji, waongozaji na matajiri waliokuwa wameijenga sinema hiyo. Nafasi nyingi zilikuwa wazi. Nyota yake ilipanda kwenye anga iliyofagiliwa. Sisemi alifagia yeye. Nasema anga ilikuwa hivyo.

Jumatano, 30 Oktoba

Hita imepona. Mwenye nyumba aliipiga teke.

Asubuhi nilipanda treni ya meno, ile inayokwea mlima Svábhegy upande wa Buda. Ipo tangu 1874 na inapanda kwa mwendo wa mzee mwenye fimbo. Juu kuna miti ya dhahabu, hewa safi, majumba ya watu wenye nafasi. Hoteli za mlima huu ndizo Gestapo, polisi wa siri wa Kinazi, walizochagua kuwa makao yao baada ya majeshi ya Ujerumani kuingia Hungaria tarehe 19 Machi 1944. Adolf Eichmann alipangia usafirishaji wa Wayahudi kwenda kambi ya mauaji ya Auschwitz kutoka humu humu. Nilikutana na watoto wa shule wakiokota majani kwa ajili ya somo la sanaa.

Mwezi mmoja baada ya Wajerumani kuingia, tarehe 18 Aprili 1944, walimkamata Karády.

Sababu ilikuwa mchumba wake. István Ujszászy alikuwa jenerali na mkuu wa ujasusi wa Hungaria, na alikuwa miongoni mwa waliotafuta njia ya kuitoa nchi vitani kwa kuzungumza kwa siri na Waingereza na Wamarekani. Siku chache kabla ya Wajerumani kuingia, maofisa watatu wa Kimarekani walishushwa kwa miavuli wakajifanya mateka, ili wafikishwe kwake. Wakafikishwa, lakini Wajerumani wakaingia na mpango ukavunjikia njiani. Mwanamke aliyelala nyumba moja na mkuu wa ujasusi lazima anajua kitu, ndivyo walivyoona Gestapo. Katika miaka hiyo hiyo ya vita Karády alikuwa amecheza jasusi katika filamu ya *Machita*, na watu wakaanza kuchanganya picha na mtu.

Walimshikilia miezi mitatu hivi. Walimpiga vibaya. Alipotoka hakuwa tena yule wa kwenye mabango, na redio haikupiga nyimbo zake.

Nilishuka mlima kimya. Mchana nikachukua tramu namba 2 inayopita kando ya Danube, nikashuka jirani na Bunge.

Viatu viko ukingoni kabisa mwa mto, juu ya ukuta wa mawe. Jozi 60, za chuma, kazi ya Can Togay na mchongaji Gyula Pauer, vimewekwa hapo tangu 2005. Viatu vya kike vyenye kisigino, buti za wafanyakazi zilizopinda kwenye kifundo, viatu vya watoto. Vimeota kutu halisi. Ndani ya kimoja kulikuwa na karanga, ndani ya kingine sarafu, na maji ya mvua yamejaa katika vingi. Oktoba 1944 chama cha Kifashisti cha Msalaba wa Mishale kilipotwaa madaraka, wanamgambo wake walikuwa wakiwaleta Wayahudi hapa usiku wa baridi, wanawavua viatu, wanawapanga kwenye ukingo na kuwapiga risasi waangukie majini. Viatu walivuliwa kwa sababu viatu vilikuwa na bei.

Nilichuchumaa mbele ya jozi moja ndogo, kamba zake za chuma zimelegezwa. Fundi chuma amekumbuka hata ulimi wa kiatu, umekunjika kwa ndani kama mtoto anapovua kwa haraka bila kufungua kamba zote. Mama yangu alikuwa akitugombeza kwa kosa hilo.

Binti wa fundi viatu alikuja kwenye mto huu majira yale ya baridi na vito vyake. Alitoa dhahabu na mikufu kwa wanamgambo, wakampa watoto waliokuwa kwenye mstari. Akawaficha nyumbani kwake mpaka mji ulipotekwa na Jeshi Jekundu la Wasovieti, Februari 1945. Hakujigamba kwa hilo. Mwaka 2004 Yad Vashem ya Jerusalem, taasisi ya kumbukumbu ya Wayahudi waliouawa na Wanazi, ilimtambua kuwa miongoni mwa Waadilifu wa Mataifa, wasio Wayahudi waliowaokoa Wayahudi, miaka 14 baada ya kufa kwake.

Nimejaribu kuiwaza ile biashara. Kunakuwa na mazungumzo ya bei, lazima. Mkufu huu kwa wangapi? Pete hii je? Mtu mwenye bunduki anatazama jiwe kwenye mwanga wa tochi. Naye, aliyezoea kusimama bila kutikisika mbele ya kamera, anasimama hivyo hivyo. Labda hapa ndipo alipoigiza vizuri kuliko mahali pote, na hapakuwa na wa kumpiga picha.

Mwanamke mmoja mtalii aliniomba nimpige picha na viatu. Nikampiga. Alitabasamu, kisha akaona haya akaomba nirudie bila tabasamu.

Alhamisi, 31 Oktoba

Mvua tangu alfajiri. Nilikwenda Andrássy namba 60, jengo lililokuwa makao ya Msalaba wa Mishale na baada yao polisi wa siri wa Kikomunisti, ambalo leo ni makumbusho. Foleni ilikuwa imezunguka kona. Nikageuza. Jana ilinitosha.

Ngoja nimalize habari za baada ya vita maana ni fupi. Ujszászy alichukuliwa na Warusi na hakuonekana tena hadharani. Serikali ikataifisha sinema mwaka 1948, na nyota wa zamani hawakuwa na kazi katika Hungaria ya wafanyakazi na wakulima, hata akiwa mtoto wa fundi viatu kutoka machimbo ya mawe. Filamu yake ya mwisho, *Forró mezők*, ilionyeshwa 1949. Mwaka 1951 akavuka mpaka. Filamu zake nyumbani zikafungiwa, jina likawa la kunong'ona. Kupitia Austria, Uswisi na Ubelgiji alifika Brazil mwaka 1953 akafungua duka la mavazi na kofia São Paulo. Mwaka 1968 akahamia New York. Huko nako akatengeneza kofia.

Kofia! Hapo ndipo aliponishika kabisa. Bibi mzaa mama alikuwa mshonaji wa kofia za viua. Kitambaa cheupe, sindano nyembamba, kila kitobo kinazungushiwa uzi mpaka kikaze, maelfu ya vitobo kwa kofia moja, mwezi au miezi miwili ya kazi. Halafu ikishafuliwa inapakwa wanga na kuvalishwa bakuli ikauke na umbo lake. Nilikulia chini ya meza iliyojaa mabakuli yenye kofia, kama vichwa vya wageni waliosahau miili.

Kwa hiyo mchana nilitafuta duka la kofia. Niliona moja katika kichochoro cha Pest, dirisha dogo, mlango wa kengele. Fundi, mzee wa miaka sabini na ushee, anazungumza Kijerumani cha kizamani. Aliniuliza natoka wapi, nikasema Tanzania, Tanga. Akainua kidole: "Teleki!" Nilihitaji muda kidogo. Alikuwa akimtaja Sámuel Teleki, mwana wa kabaila wa Kihungaria aliyeanza safari Pangani mwaka 1887 na mamia ya wapagazi, akapita Kilimanjaro hadi ziwa ambalo leo tunaliita Turkana. Pangani ni mwendo wa saa moja na nusu kutoka kwetu. Hapo Budapest mzee wa kofia anamjua Teleki, na Pangani hakuna anayejua majina ya wapagazi wale. Sikutaka kuharibu mazungumzo kwa hilo.

Alinionyesha kazi. Kalibu za mti zimepangwa ukutani kwa namba, zimekuwa nyeusi kwa mikono. Anachukua sufi iliyogandamizwa, ngumu kama kipande cha zulia, anaishikilia juu ya mvuke wa birika mpaka inalegea, halafu anaivuta juu ya kalibu kwa nguvu za dole gumba, anaizungushia kamba shingoni, anabana pini. "Una dakika moja," akasema. "Ikipoa hivyo, imekuwa hivyo." Mvuke ulikuwa na harufu ya mbwa aliyelowa.

Nikamuuliza kuhusu Karády. Akasimamisha kazi.

Mwaka 1980 alipotimiza miaka 70, Budapest ilimwalika arudi kwa heshima zote. Ukomunisti ulikuwa umelegea, vijana walikuwa wameanza kumpenda upya. Karády hakuja. Alituma kofia.

"Hiyo kofia," fundi akasema, "watu wengine waliona ni dharau. Mimi sikuona dharau." Nikamsubiri aendelee. Akarudi kwenye mvuke.

Nimekuwa nikihesabu jioni hii. Zilahy, aliyeandika hadithi, alikwenda Marekani mwaka 1947. Jávor alifungwa na Wafashisti mwaka 1944, akaenda Marekani 1946, kule masharubu yake hayakuwa na kazi zaidi ya sehemu ndogo ndogo, akarudi Budapest 1957 na kufa miaka miwili baadaye. Szörényi, yule Józsa mwema, aliondoka 1956 kama bibi yangu, akafia California mwaka 2009. Edit, Iván, Józsa na mtunzi wao, wote waliondoka. Ile filamu niliyoitazama chini ya blanketi imejaa watu ambao hawajui kwamba wataondoka.

Dada yangu amenitumia ujumbe wa sauti: lini nyumbani? Nimejibu kwa picha ya lángos.

Ijumaa, 1 Novemba

Sikukuu ya Watakatifu Wote. Maduka yamefungwa, na jiji lote limebeba maua ya krisanthemamu.

Nilianzia Basilika ya Mtakatifu Stefano. Karády alifariki New York tarehe 8 Februari 1990, miezi michache baada ya Hungaria kutangazwa jamhuri upya na wiki chache kabla ya uchaguzi huru wa kwanza. Wakamleta. Jeneza liliwekwa humu, kanisa kubwa kuliko yote ya mji, na watu wakajaa mpaka nje. Binti wa Kőbánya alirudi siku ambayo hawezi tena kuulizwa swali. Leo kulikuwa na ibada, nikasimama nyuma dakika tano nikatoka.

Kisha tramu namba 59 kutoka uwanja wa Széll Kálmán hadi makaburi ya Farkasrét. Tulibanana kama daladala ya Raskazone saa ya kutoka kazini, tofauti ni kwamba hakuna aliyepiga kelele na kila mmoja alikuwa amekumbatia chungu cha maua. Mlangoni wanauza mishumaa ndani ya vikombe vya kioo vyekundu na vyeupe, na mfuniko wa bati wenye matundu. Nikanunua miwili.

Farkasrét ni mlima wa makaburi uliofunguliwa 1894. Nilichungulia ukumbi wa maiti uliotengenezwa na msanifu Imre Makovecz: mbao zimepinda kutoka mgongoni mwa dari hadi chini, ndani ya kifua cha mtu kabisa, na jeneza hukaa panapokaa moyo. Mtunzi wa muziki Béla Bartók amezikwa hapa. Yeye pia alifia New York, mwaka 1945, na akaletwa 1988. Jávor naye yupo hapa. Niliuliza njia mara tatu. Kila niliyemtajia Karády alinyoosha mkono bila kufikiri.

Kaburi lilikuwa tayari na mishumaa mingi kabla yangu. Nilipiga magoti kuwasha wa kwanza, wa bibi. Upepo ukauzima. Nikawasha tena, ukazima tena. Nyuma yangu mwanamke mzee akaguna ile guno ya wazee wote wa dunia wakimwona mtoto anafanya kazi vibaya. Akainama, akauchukua mshumaa, akauwasha ndani ya kikombe kwa njiti ndefu akiwa ameukinga kwa kifua, akafunika bati, akaukabidhi mkononi mwangu. "Csókolom," nikamwambia. Alinitazama vizuri kwa mara ya kwanza. Mimi si mtoto, na hakuna Mhungaria wa umri wangu anayeamkia hivyo mwanamke mwenzake. Lakini akaitika, na akasogea kunipa nafasi.

Tulisimama pale. Giza likashuka na mlima mzima ukawa mwekundu, maelfu ya vikombe, hadi huwezi kuona njia inaishia wapi. Mzee alianza kuimba kwa ndani, mdomo umefungwa. Niliutambua wimbo. Ni ule wa kishungi cha sigara kinachofifia kuwa majivu, alioupenda bibi siku za kuoshwa nywele. Mimi najua mistari miwili tu, nayo nilijifunza kwa sauti bila maana. Nikaisema hiyo miwili. Baada yake nikanyamaza, naye akaendelea.

Tramu za kurudi zilikuwa zimejaa, nikaamua kuteremka kwa miguu. Nusu ya njia mama akapiga simu ya video. Nilimwonyesha ule mwanga juu ya mlima nyuma yangu, nikamweleza ni makaburi, akasema astaghfirullah, umekwenda huko peke yako usiku? Kisha akaisogeza simu karibu na uso, akanitazama kwa makini.

"Baridi yote hiyo," akasema, "mbona kichwa wazi?"